Hildebrandt wa kwenye kibao: alikuwa nani, na mimea yake iko wapi leo?

Swali la safari hii limetoka kwa mwalimu wa shule ya msingi huko Kwale. Ameandika hivi: "Niliwapeleka wanafunzi wangu kuona mimea ya asili. Chini ya mmea mmoja unaofanana na mnazi mfupi wenye miiba palikuwa na kibao: Encephalartos hildebrandtii. Mtoto mmoja akauliza, 'Mwalimu, Hildebrandt ni nani?' Sikuwa na jibu. Nilipotafuta nikaona kumbe kuna kwale wa Hildebrandt, kuzi wa Hildebrandt, hata popo. Mtu huyu alikuwa nani, alikuja kwetu kufanya nini, na kwa nini mmea ambao bibi zetu waliujua tangu zamani uitwe kwa jina la Mjerumani?"

Mwalimu mwenzangu, salamu nyingi, na mpe salamu zangu huyo mtoto aliyeuliza. Mimi nimefanya kazi ya kukusanya na kuhifadhi mimea kwa zaidi ya miaka ishirini, na jina hilo nimekutana nalo mara nyingi kuliko majina ya jirani zangu. Nitakujibu kwa urefu kwa sababu maswali yako ni matatu, na la tatu ndilo linalonigusa zaidi.

Johann Maria Hildebrandt alizaliwa Düsseldorf, magharibi mwa Ujerumani, tarehe 19 Machi 1847. Baba yake, Theodor Hildebrandt, alikuwa mchoraji mwenye jina katika mji huo. Kijana hakufuata kazi ya baba. Alianza na ufundi wa mitambo. Siku moja ukatokea mlipuko, akapoteza jicho, na safari yake ya mitambo ikaishia hapo. Akageukia kilimo cha bustani na baadaye akapata kazi katika Bustani ya Mimea ya Berlin.

Hilo ningependa wanafunzi wako walisikie vizuri. Watu wakisikia jina la mzungu limebandikwa kwenye mmea hudhani lazima alikuwa profesa mwenye ndevu, amekaa kwenye kiti cha ngozi. Huyu alikuwa mtunza bustani mwenye jicho moja. Alijua udongo, alijua mbegu ipi itavumilia safari na ipi itaoza njiani, na kwa mkusanyaji wa mimea elimu hiyo ni kubwa kupita vyeti vingi. Maprofesa walibaki Berlin wakingoja masanduku.

Aliondoka Ulaya mwaka 1872, akiwa na miaka 25. Mfereji wa Suez ulikuwa umefunguliwa miaka mitatu tu kabla yake, kwa hiyo njia ya Bahari ya Shamu ilikuwa imekuwa fupi kwa watu wa Ulaya. Alizunguka pande za Eritrea ya leo, akapita Aden, akaingia pwani ya Wasomali kwenye milima inayotoa ubani na manemane, kisha akashuka hadi Unguja. Alipofika kisiwani mwaka 1873, Sultani alikuwa Sayyid Barghash. Tufani kubwa ya Aprili 1872 ilikuwa imeangusha mikarafuu isiyo na idadi, na Juni 1873 Sultani akatia saini mkataba wa kufunga biashara ya watumwa ya baharini. Balozi wa Uingereza, John Kirk, alikuwa naye ni mtu wa mimea, na alikuwa akipeleka vielelezo vyake Kew, bustani kubwa ya mimea ya London. Kwa hiyo Hildebrandt hakuingia mahali pasipojulikana na mtu. Aliingia katika mji wenye shughuli nyingi na bandari iliyojaa majahazi, ambako watu wa kila upande wa Bahari ya Hindi waliuza na kununua kila kinachoota: karafuu, nazi, sandarusi.

Ni katika safari hiyo ya kwanza ndipo mmea wako wa kwenye kibao ulipofika Berlin. Mwaka 1874 wataalamu wawili wa bustani ileile aliyofanyia kazi, Alexander Braun na Carl David Bouché, waliueleza kwa maandishi na kuupa jina. Walimpa heshima mtunza bustani wao.

Sasa tuutazame mmea wenyewe, kwa sababu ningependa ukirudi na watoto muutazame kwa jicho jingine. Hauna undugu na mnazi, wala mtende, wala mkindu, ingawa umbo linadanganya. Uko katika kundi la sikadi, mimea iliyokuwapo duniani kabla ua la kwanza halijachanua. Shina lake ni nene, limefunikwa na makovu ya majani ya zamani, na mmea mzee unaweza kufika mita 6. Majani yanaweza kufika mita 3, na kila kijani kidogo kina meno makali pembeni. Mtoto akipitisha kidole atajua. Hautoi maua. Katikati ya majani hutokea kitu kama gunzi kubwa, na hapo ndipo penye somo zuri: mmea dume na mmea jike ni miti miwili tofauti. Magunzi ya dume ni membamba na hutoa chavua, na ya jike ni manene, yakikomaa huachana na kuonyesha mbegu nyekundu zinazong'aa. Kwa sikadi za Afrika wanaobeba chavua kutoka dume hadi jike ni mbawakavu wadogo. Mahali mlipokwenda, hesabuni: madume mangapi, majike mangapi? Kama mtakuta madume matupu, basi mmea ule hapo hauzai tena, hata uwe na afya namna gani.

Ndani ya shina na mbegu kuna wanga, na ndani ya wanga huo kuna sumu. Wazee wa pwani walijua kuiondoa kwa kukatakata, kuanika, kuloweka na kuchachusha, wakapata unga wa kula wakati wa njaa. Naomba sana, mwalimu, watoto wasijaribu. Ujuzi ule ulikuwa na hatua zake, na anayeruka hatua moja huumia. Wakati wa njaa, huo ndio ulikuwa uhai wa kaya nzima.

Sasa lisome jina upya. Encephalartos ni neno la Kigiriki lililoungwa kwa vipande vitatu, maana yake "mkate ndani ya kichwa". Lehmann, Mjerumani mwingine, alilitunga mwaka 1834 kwa sababu habari zilikuwa zimefika Ulaya kwamba watu wa kusini mwa Afrika wanatengeneza mkate kutokana na moyo wa shina la mimea hii. Maana yake nini? Kwamba nusu ya kwanza ya jina lile gumu kwenye kibao ni elimu ya mabibi wa Kiafrika, imevishwa nguo ya Kigiriki. Nusu ya pili ndiyo ya Hildebrandt. Mtoto akikuuliza tena, mwambie jina lina watu wawili ndani yake, ila mmoja hakutajwa kwa jina lake.

Kisheria, jina la kisayansi halimpi mtu umiliki. Kanuni ya kimataifa inasema jina la kwanza kuchapishwa kwa utaratibu unaotakiwa ndilo linalobaki, ili mtu wa Kwale, wa Tanga na wa Tokyo wakisema neno moja wawe wanauzungumzia mmea mmoja. Kwa hiyo hildebrandtii haibadilishwi kwa sababu tu hatumpendi au hatumjui. Majina ya matusi yameanza kushughulikiwa: kongamano la wanabotania lililofanyika Madrid mwaka 2024 lilipiga kura majina yenye neno "caffra", ambalo ni tusi kwa watu weusi kusini mwa Afrika, yawe "affra". Nililifurahia uamuzi ule kwa moyo wote. Lakini jina la mtunza bustani aliyetembea kwa miguu hadi Kitui si tusi, na mimi siwezi kulidai liondolewe. Ninachodai ni kingine, nitakifikia.

Nimetaja Kitui. Safari ya pili ilianza 1875. Alirudi kwa Wasomali, kisha akaenda Komoro, katika kisiwa cha Nzwani ambacho wazungu wa wakati ule walikiita Johanna. Huko hakukusanya mimea peke yake. Aliandika pia maneno ya lugha ya kisiwa, na mwaka 1876 makala yake kuhusu lugha hiyo ikachapishwa Berlin. Sisi tunaozungumza Kiswahili tukisikiliza Kikomoro tunatambua undugu mara moja. Yeye alikuwa anayachukua maneno na majani kwa daftari moja. Alikuwa na sikio la lugha, na nadhani ndiyo sababu ya kazi yake kuwa nzuri. Mkusanyaji asiyejua kuuliza hupata majani tu.

Baada ya hapo akafanya kazi pwani ya Kenya, Lamu na Mombasa, na mwanzoni mwa 1877 akaondoka Mombasa kuelekea bara. Alitaka kuufikia mlima Kenya. Mmisionari Krapf alikuwa ameuona kwa mbali kutoka Kitui mwaka 1849, na huko Ulaya bado hapakuwa na mtu aliyeufikia. Hildebrandt alipita Taita, kwenye vilima vya Ndara na Ndi, akavuka nyika hadi Ukambani, akafika Kitui. Huko njia ikafungwa. Habari za Wamaasai ziliwatia watu hofu, na bila wapagazi hakuna msafara. Akageuka.

Kama kipimo chako ni mlima, alishindwa. Lakini tazama alichorudi nacho. Kule Ndi alipatikana popo ambaye Peters, mtaalamu wa wanyama wa Berlin, alimweleza mwaka 1878 na kumwita Rhinolophus hildebrandtii. Mwaka huohuo Cabanis, mtaalamu wa ndege, akampa jina la Hildebrandt kuzi, yule ndege wa buluu inayometa mwenye tumbo la rangi ya kutu anayerukaruka kwenye nyika za Ukambani hadi Serengeti, na pia kwale. Kuna jenasi, yaani kundi la viumbe wenye undugu wa karibu, ya vyura, Hildebrandtia, na la kushangaza ni kwamba kuna jenasi ya mimea yenye jina hilohilo, iliyoelezwa na Wilhelm Vatke mwaka 1876. Kanuni za wanyama na za mimea haziingiliani, kwa hiyo inaruhusiwa. Hiyo Hildebrandtia ya mimea ni vichaka vya nchi kavu vilivyo katika jamii moja na kiazi kitamu. Ukiwaambia watoto kwamba kile kichaka cha jangwani ni binamu wa kiazi cha kwenye sufuria watacheka, lakini watakumbuka.

Aliandika pia kuhusu Wakamba na jirani zao, na kuhusu njia yenyewe ya kutoka Mombasa hadi Kitui. Maandishi hayo yako kwa Kijerumani, katika majarida ya Berlin ya 1878 na 1879. Natamani siku moja mtu wetu ayatafsiri moja kwa moja kwa Kiswahili na Kikamba, kwa jicho la kukosoa, kwa sababu yana habari za watu ambao wajukuu wao wako hai.

Safari ya tatu ilikuwa Madagaska, kuanzia 1879. Kijana mwingine wa Kijerumani, Christian Rutenberg wa Bremen, naye mkusanyaji, alikuwa ameuawa kisiwani humo mwaka 1878, na kufuatilia habari zake ilikuwa sehemu ya kazi ya Hildebrandt. Alikusanya Nosy Be na kaskazini-magharibi, akapanda hadi nyanda za juu za katikati, akafika nchi ya Wabetsileo. Afya yake ilikuwa imeliwa na safari za miaka tisa. Alifariki Antananarivo tarehe 29 Mei 1881. Alikuwa na miaka 34.

Umri huo hunisimamisha kila mara. Nambari zake za mkusanyo zilikuwa zimepita 4,000. Ni lazima nikueleze nambari moja inagharimu nini, maana ukiijua hiyo utamwelewa mtu huyu kuliko kwa tarehe zote nilizokupa.

Unaona mmea wenye ua. Unakata tawi lenye jani, ua na, Mungu akijalia, tunda. Unalilaza kati ya karatasi za kunyonya maji, unaligeuza jani moja lionyeshe mgongo, jingine lionyeshe uso. Unaweka karatasi juu, tawi jingine, karatasi, hadi rundo. Unalibana kwa mbao mbili na kamba. Hapo ndipo kazi inapoanza. Kesho yake karatasi zimelowa maji ya mimea. Ukiziacha, ukungu. Kwa hiyo kila siku, umechoka usichoke, unafungua rundo lote, unabadilisha karatasi, zilizolowa unazianika juani au kando ya moto. Mvua ikinyesha, mchwa, mende, mpagazi akijikwaa mtoni, kazi ya mwezi imekwisha. Mimi niliwahi kupoteza rundo zima wakati wa masika, kwenye nyumba ya bati yenye stovu na magazeti makavu tele, kwa kuchelewa siku mbili tu. Ukungu ulikuwa umetambaa kama unga wa kijivu juu ya kila jani, na harufu yake siisahau. Yeye alifanya hivyo kwenye mahema na majahazi, kwa miaka.

Na bado mmea mkavu usio na maandishi ni majani makavu tu. Nambari inauunganisha na daftari: ulitoka wapi, mwezi gani, uliota jabalini au kando ya mto, ua lilikuwa rangi gani kabla halijafifia. Nilikuwa mwanafunzi huko Ulaya nilipofunguliwa jalada lenye karatasi yake kwa mara ya kwanza. Tawi lilikuwa la rangi ya tumbaku, limefungwa kwa vipande vyembamba vya karatasi. Pembeni palikuwa na lebo ndogo: jina lake, nambari, mwaka, na mahali: "Mombassa", kwa s mbili. Nilikaa nikaisoma mara nyingi. Jani lililochumwa pwani yetu kabla babu yangu hajazaliwa lilikuwa mbele yangu, na mishipa yake bado unaweza kuihesabu.

Hapo nimeingia kwenye swali lako ambalo hukuliandika lakini limo ndani: vitu vyetu viko wapi? Jibu lake lina huzuni. Seti kuu ya mkusanyo wake ilikuwa Berlin, katika hifadhi ya mimea mikavu ya Bustani ya Mimea, Dahlem. Usiku wa kuamkia tarehe 2 Machi 1943, katika Vita vya Pili vya Dunia, mabomu yaliishukia na moto ukateketeza sehemu kubwa ya hifadhi hiyo. Vielelezo vilivyotumika kueleza mimea ya Afrika Mashariki kwa mara ya kwanza, vile ambavyo mtaalamu hurudi kwavyo kama hakimu arudivyo kwenye hati ya asili, viligeuka majivu kwa usiku mmoja. Mimea ya Usambara, ya Kilimanjaro, ya Uluguru, iliyokusanywa na Wajerumani waliokuja baada ya Hildebrandt, kama Carl Holst na Georg Volkens, ilikuwa humohumo.

Lakini Hildebrandt alikuwa na desturi iliyookoa kazi yake. Kila mmea alikusanya matawi kadhaa kwa nambari moja, na seti za nakala ziliuzwa kwa hifadhi nyingine za Ulaya. Sababu ilikuwa fedha; safari zilikuwa na gharama na yeye hakuwa tajiri. Matokeo yake ni kwamba Berlin ilipoungua, tawi la nambari ileile lilikuwa limelala salama London, Paris au Vienna. Wataalamu wa baadaye walizitumia nakala hizo kuthibitisha majina. Kazi kubwa ya kueleza mimea yote ya Kenya, Uganda na Tanzania, iliyokamilika mwaka 2012 baada ya miaka 60 ya kuchapishwa kipande kwa kipande ikiwa na takriban spishi 12,000, inamtaja mara kwa mara: Taita, Ndara, Februari 1877, Hildebrandt, nambari yake. Kwa hiyo kama unataka kuwaonyesha watoto karatasi zake huhitaji nauli ya ndege. Kew na Makumbusho ya Paris yamepiga picha vielelezo vyao na kuviweka kwenye intaneti bure; tafuta jina la mkusanyaji na neno Zanzibar au Mombassa, kwa s mbili kama alivyoandika. Na Nairobi tuna hifadhi yetu, kwenye Makumbusho ya Taifa, yenye mimea mikavu ya eneo zima, pamoja na ile iliyohamishwa kutoka Amani, Tanzania. Waandikie mapema, wanafunzi hukaribishwa.

Je, alikuwa mwizi, au mpelelezi wa wakoloni? Huulizwa hivyo, na si swali baya. Alikuja kabla ya Mkutano wa Berlin wa 1884 na 1885, na alikufa kabla Ujerumani haijapata koloni hata moja Afrika. Hakuwa ofisa wa serikali. Lakini siwezi kukuambia kwamba elimu yake ilibaki kwenye makabati. Wajerumani walipoitwaa Tanganyika, Berlin ilikuwa tayari na watu waliojua mimea ya pwani, na wakaanzisha ofisi maalumu ya mimea ya makoloni. Mwaka 1902 ikafunguliwa taasisi ya Amani kule Usambara kwa ajili ya mazao ya biashara. Ramani za njia na orodha za mimea ni vitu ambavyo kila anayekuja nyuma huvitumia atakavyo. Mimi namhukumu kwa alichofanya yeye: alifanya kazi ya kweli, kwa uangalifu, kwa gharama ya mwili wake. Waliokuja nyuma nawahukumu kwa yao.

Ninachomdai ni hiki. Alifika Kitui kwa miguu ya watu wengine. Kuna waliobeba marundo yale ya karatasi na kuyanyanyua juu ya vichwa walipovuka mto. Kuna aliyemwambia "mti huu usiguse utomvu wake". Kuna mama aliyemwonyesha kisima, na bila shaka kuna aliyesema jina la mmea mara tatu polepole hadi mgeni akaliandika sawasawa, maana majina ya wenyeji humo kwenye lebo mara nyingine. Jina la mmea lipo. Jina la aliyelisema halipo. Kwenye kona ya lebo pana nafasi ya mkusanyaji mmoja tu. Huo haukuwa ubaya wake peke yake. Ndivyo wote walivyofanya, na wengine wetu tumeendelea kufanya hivyo hadi juzi. Nimefanya kazi misitu ya Shimba na mzee mmoja aliyenionyesha katika wiki moja mimea ambayo ningehitaji mwaka kuipata. Tangu siku zile jina lake huandikwa kwenye lebo zangu pamoja na langu, kwa mwandiko uleule, kwa ukubwa uleule, naye ameridhia. Hifadhi nyingi leo zinalipokea hilo bila shida.

Kwa hiyo wanafunzi wako nawapa kazi. Waanze na mimea ya kawaida ya kando ya shule, mwarobaini au mkwaju. Sikadi wasiikate, kwani jenasi nzima ya Encephalartos iko kwenye orodha ya juu kabisa ya mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe walio hatarini, na mahali kama Shimba au ndani ya kaya, ile misitu mitakatifu ya Wamijikenda, huruhusiwi kuchukua hata jani bila idhini ya wenye mamlaka na wazee. Ile watoto waichore palepale ilipo. Magazeti ya zamani yanatosha, na mbao mbili, na mawe. Wabadilishe karatasi kila siku. Kwenye lebo waandike mahali, tarehe, rangi ya ua, na jina la mmea kwa lugha ya nyumbani, kisha mstari mmoja zaidi kwa jina la bibi au babu aliyewaambia, kama amekubali kuandikwa.

Na kwa ule wa kwenye kibao, nitumie jina mnaloliita kwenu. Waulize wazee wawili, wa nyumba mbili tofauti. Wakikupa majina mawili, usichague lililo zuri. Niandikie yote mawili, na kando ya kila moja uandike nani amelisema.